Maneno ya Mlangoni

Jumatatu, 1 Juni 1998. Ibra

Daftari hili ni la benki, la mwaka 1996, mwaka walioniaga kwa keki. Siku zake hazilingani na za mwaka huu, kwa hiyo kila ukurasa nakata siku yao naandika yangu. Nembo yao nayo nimeikata. Miaka ishirini na nne niliwaandikia barua zao za nje, Kiingereza kilichonyooka, na kila ilipofika zamu ya kupandisha mtu alipandishwa mwengine, asiyejua barua inaanzia wapi. Mimi nilikuwa "yule Zinjibari". Meneja wa mwisho alinambia usoni: Abdullatif, unatafsiri vizuri, lakini unaongeza. Neno hilo bado limenikaa kooni.

Leo nimepata kazi. Wallahi, kwa umri huu wa miaka hamsini na tisa. Kuna kamati Maskati imemleta mtaalamu wa uchumi kutoka Norwei aje aangalie kama serikali iendelee kununua tende za kuchemsha za huku kwetu Sharqiyah, mashariki ya Oman, au iache. Anataka mkalimani wa Kiarabu na Kiingereza, na Kiswahili kwa wazee wetu wanaokipenda zaidi. Nikifanya vizuri, huenda kamati ikanichukua moja kwa moja.

Nikamwambia mke wangu. Fawziya kauliza mshahara tu, kisha karudi jikoni.

Jumatano, 3 Juni

Nimemwona. Mrefu, mkavu, nywele nyeupe, uso mwekundu. Daktari Halvdan Rekve, umri sitini na saba, alikuwa naibu gavana wa benki kuu ya kwao kwa miaka tisa. Mzee wa kwanza aliyetupokea hapa Ibra alijaribu jina lake mara mbili, likamshinda, akasema "Khalfan," na Khalfan ndilo limebaki. Mwenyewe kalipenda, kaliandika katika kijitabu chake.

Anaandika kila kitu, huyu. Garini kanambia, "Nitafsirie kilichosemwa. Usipunguze, usiongeze."

Usiongeze! Nikaangalia dirishani nisije nikamjibu.

Jumanne, 9 Juni

Mkutano wa kwanza, Al Qabil, katika sabla, ule ukumbi wa wanaume. Niandike vizuri ya leo, maana nahisi yatanirudia.

Mgeni akifika wanaume wote husimama, hupeana naye mikono mmoja mmoja, huletwa tende, huletwa kahawa. Halafu mkubwa wa mji anauliza: khabari? Jibu ni moja tu tangu enzi za mababu: hakuna khabari, kumetulia, alhamdulillahi. Hata mtu awe katoka kuzika mtoto asubuhi ile, jibu ni hilo hilo. Na sisi Unguja si vile vile? Homa imemlaza mtu siku tatu, ukimuuliza habari, njema. "Lakini" inakuja baadae. Hapa Sharqiyah hiyo "lakini" haisemwi ukumbini mbele ya mgeni aliyekunywa kahawa yako. Inasemwa mgeni anapovaa viatu. Unamsindikiza mpaka mlangoni, unamshika mkono, huuachii, ndipo unamwambia lililo moyoni.

Khalfan akauliza mbele ya wote: "Serikali ikiacha kununua, mtapata madhara gani?" Mkubwa wa mji akatabasamu, akasema serikali ni baba yetu na rizki ni ya Mungu, hakuna neno. Wengine wakaitikia, hakuna neno, hakuna neno. Nikatafsiri kama kilivyosemwa. Khalfan akaandika: hawana pingamizi.

Mlangoni wanaume watatu walinishika mkono kwa zamu. Mmoja alisema, "Mwambie bwana wako, wakiacha kununua tutaikata mitende tuifanye kuni."

Nikamfuata Khalfan garini kumwambia. Akauinua mkono kabla sijamaliza. "Hayo yalisemwa mkutanoni?" Nikasema la, mlangoni. Akasema, "Maneno ya mlangoni siyaandiki." Akanieleza. Alipokuwa benki kuu, watu waliokubali jambo mezani walikuwa wakimkamata mkono wa koti mlangoni, kila mmoja anataka yeye peke yake aachiwe. Wenye mabenki, mawaziri, rafiki zake aliosoma nao. Akajiwekea kanuni: lisilosemwa mezani mbele ya wote halikusemwa. "Kwa kanuni hiyo," kasema, "hakuna aliyewahi kuninunua."

Nilipaswa kumwambia pale pale: huko kwenu mlangoni ndiko kwenye hila, huku kwetu mlangoni ndiko kwenye kweli. Maneno machache tu. Nikajisemea nitamweleza kesho.

Jumapili, 14 Juni

Sijamweleza. Joto digrii arobaini na saba.

Alkhamisi, 18 Juni

Mahrous kawasha moto leo. Mahrous ni kaka yake Fawziya, shemegi yangu, kazaliwa Unguja kama sisi. Alipokuja huku alilikuta shamba la babu yake Al Qabil limekauka, akalifufua kwa mikono yake. Kila mwaka mwezi huu tende za mabsili zinaangushwa zikiwa bado za manjano, zinachemshwa katika masufuria makubwa ya shaba juu ya moto wa magogo ya mitende, kisha zinaanikwa juani siku kadhaa mpaka zikauke. Mvuke wake mtamu, unakuganda ndevuni. Mahrous anasimama juu ya sufuria na upawa mrefu kama mpiga kasia, shati limemganda mgongoni, anaimba vibaya.

Ofisi ya serikali ndiyo inayonunua, nani mwengine? Watu wa hapa hawazili, zinapelekwa Hindi. Na Mahrous, kwa kuwa ofisi ilinunua miaka yote, aling'oa ndimu zake na miembe yake akapanda mabsili shamba zima. Ofisi ikiacha, hana kitu.

Alifurahi mno kuniona na Khalfan. Akanivuta pembeni, "Shemegi, sasa na sisi tuna mtu wetu ndani."

Nikamwambia inshallah. Nilijiona mkubwa, sikatai.

Jumatano, 24 Juni

Norwei imeifunga Brazili kwenye Kombe la Dunia. Khalfan kaja asubuhi kanyoa, kavaa tai, hakusema neno mpaka nilipompa hongera. Akasema, "Mbili kwa moja," akaandika kijitabuni.

Jumamosi, 4 Julai

Nimemleta Khalfan kula kwetu. Fawziya kapika wali wa nazi na samaki wa Sur. Bibi Kaltham, mama yao Fawziya na Mahrous, anakaa nasi, miaka themanini na ushei, masikio mabovu, ulimi mzima. Akataka kujua mgeni alikuwa akifanya kazi gani. Nikamweleza: alikuwa akipandisha na kushusha riba ya nchi nzima.

"Riba!" kasema Bibi. "Na anasema hivi hivi, mchana kweupe? Muulize kama ametubu."

Nikamtafsiria, bila kuongeza. Khalfan kafikiri kama ameulizwa bungeni. Akasema mwaka aliopandisha sana, wavuvi walimwaga samaki waliooza mbele ya mlango wa benki, akalazimika kuingia kazini akikanyaga samaki. Wengi wao waliuza mashua mwaka ule. Lakini bei za vitu zilitulia.

Bibi akamgeukia Fawziya. "Mpe samaki mwengine," akasema. "Huyu hana mtu wa kumwambia ukweli, masikini."

Fawziya alicheka mpaka akatoka chumbani. Nami nilicheka. Usiku kimya, upepo wa gharbi, ule wa moto wa jangwani, mchanga kila mahali.

Jumapili, 12 Julai

Leo tulikwama njiani kurudi kutoka Al Qabil, tairi. Tukakaa kivulini mwa gari tukingoja tairi jengine kutoka Ibra, na Khalfan kanieleza maisha yake. Sikumuuliza. Nadhani joto lilimlegeza.

Kazaliwa katika kisiwa kidogo kaskazini kabisa kwao, nyumba kumi na tisa, wote wanakausha samaki kwenye vijiti. Alikuwa mtoto wa kwanza wa kisiwa kile kufika chuo kikuu. Alipomaliza, wizara ilimpa kazi ya kwanza: kuhesabu ni visiwa gani serikali iendelee kuvipelekea meli na mwalimu, na visiwa gani iwahamishe watu wake. Kisiwa chao kilikuwa ndani ya orodha. Wakubwa walimwambia kazi hiyo ampe mwengine. Akakataa, akasema ataonyesha kuwa hana upendeleo.

Mkutano ulifanywa shuleni. Akasimama mbele ya baba yake, mama yake, majirani, akasoma hesabu. Akauliza kama kuna mwenye pingamizi. Baba yake akasema, "Sawa." Wote wakasema sawa.

"Halafu?" nikamuuliza.

"Halafu baba alinisindikiza mpaka kwenye boti. Akanishika mkono. Akasema ukimhamisha mama yako hapa hamalizi miaka miwili." Akapangusa miwani yake. "Lakini hilo hakulisema mkutanoni. Sikuliandika."

Ripoti ile ndiyo iliyompandisha. Wizarani walisema huyu kijana anaweza kuhesabu hata nyumba ya baba yake. Kutoka hapo mpaka ofisi ya waziri, mpaka benki kuu, mpaka kiti cha naibu gavana.

Nikamuuliza mama yake aliishi kwa muda gani. Akasema, "Hesabu zilikuwa sahihi." Tairi likaja.

Jumatatu, 13 Julai

Sikulala vizuri. Jana ilikuwa ndiyo nafasi. Alikuwa ameifungua mwenyewe, nilibakiwa na kuingia tu. Ningemwambia: Khalfan, baba yako alikuwa mtu wa Al Qabil. Angenielewa.

Sikumwambia, na sababu naijua, nisijidanganye katika daftari langu mwenyewe. Kabla tairi halijapasuka alinambia atanipa barua kwa kamati. Niliogopa kuonekana tena yule anayeongeza.

Jumatatu, 20 Julai

Mahrous kauliza kama nimeshazungumza na mzungu. Nikasema bado, nachagua wakati.

Jumamosi, 25 Julai

Mvua.

Tokea asubuhi mawingu yalikuwa yamejazana juu ya milima ya Dima wa Tayyin, na kila mtu akisema yatapita. Tulikuwa kwa Mahrous baada ya laasiri. Tende za siku nne za kuchemsha zilikuwa zimeanikwa uwanja mzima, zinangoja siku mbili za jua. Upepo ukageuka, ukaja na harufu ya vumbi bichi, na Mahrous akapiga kelele ambayo sijapata kuisikia kwa mtu mzima.

Tulikimbia sote. Wanawake walitoka majikoni na mashuka, na mapazia, mke wa Mahrous katoka na zulia la sebuleni. Khalfan kavua viatu, kakunja suruali, kavuta turubai upande mmoja na Mahrous upande mwengine. Nilimwona akianguka matopeni na kuinuka. Mimi nilikuwa nikikusanya kwa vikapu, mgongo unanikatika. Haikuwa mvua kubwa. Robo saa tu. Lakini tende ya kuchemsha ikirowa kabla ya kukauka inachacha, basi, ng'ombe ndiye atakayeila. Zaidi ya nusu zilirowa.

Mahrous alikaa chini, akachota tende gao moja, akaufungua mkono, zikaanguka. Machozi yalimtoka, nami nikatazama pembeni kwa heshima yake.

Kisha akainuka, akanawa uso, akatukaribisha ndani. Kahawa ikaletwa. Khalfan, matope mpaka magotini, akauliza: hasara ni kubwa?

Mahrous akasema, "Mvua ni rehema. Kheri, hakuna neno."

Nikatafsiri. Khalfan akatazama nje, kule uwanjani, kwa muda. Nikadhani sasa ataandika alichokiona. Akafungua kijitabu kilichorowa, akaandika: hasara ndogo. Niliisoma kutoka nilipokaa. Uwanja aliuona kwa macho yake na bado kaandika jibu alilopewa juu ya kahawa.

Mlangoni Mahrous alinishika mkono kwa mikono yake miwili. Ilikuwa inanata kwa sukari. "Shemegi, mwambie. Sitaki wanunue milele. Wanipe mwaka mmoja, nipande kitu chengine. Mwaka mmoja tu. Mwambie."

"Nitamwambia," nikasema.

Jumatatu, 27 Julai

Khalfan kanionyesha rasimu ya barua yake kwa kamati. Imeandikwa: "Bwana Abdullatif anatafsiri kilichosemwa. Hapunguzi wala haongezi neno. Sijapata mkalimani mwaminifu kama huyu." Nimeisoma mara tano. Nimemsomea Fawziya. Fawziya akasema, "Na Mahrous je?"

Nikamwambia asiniingilie kazi yangu. Hatujasemezana tena leo.

Alkhamisi, 30 Julai

Mahrous kaja kumwona mama yake. Alipotoka, mlangoni, akauliza: umemwambia? Fawziya alikuwa nyuma yangu, anasikia.

Nikasema, "Nimemwambia."

Uso ulimng'ara. Alinibusu bega.

Jumatatu, 3 Agosti

Sili vizuri. Bibi Kaltham kaniuliza habari, nikasema njema. Akasema, "Mwongo we."

Jumamosi, 8 Agosti

Mkutano wa mwisho. Ilikuwa zamu ya Mahrous kuwa mwenyeji, kwa hiyo tulikaa katika sabla yake mwenyewe, wanaume kama ishirini, wa mji wote. Alikuwa kavaa kanzu mpya, jambia kiunoni, na kanitengea pahala pa mbele. Aliamini nimeshamwambia mgeni, kwa hiyo alikuja kusikia mwaka wake mmoja.

Khalfan akasoma muhtasari. Nikawa natafsiri kipande kwa kipande. Gharama za ofisi, sawa. Bei za Hindi, sawa. Kisha akasoma: ununuzi ukomeshwe msimu huu huu, na wakulima waliulizwa mara tisa katika mikutano ya wazi na hawana pingamizi lolote.

Mahrous alikuwa ananitazama huku akitabasamu, anangoja.

Sikutafsiri. Nikamgeukia Khalfan, nikamwambia kwa Kiingereza, na sauti yangu ilikuwa kubwa kuliko nilivyotaka: haya siyo maneno yao. Hayo ni maneno ya kahawa. Kila mmoja wao kanambia mengine mlangoni, na huku kwetu mlangoni ndipo mtu anaposema kweli. Huyu mwenye nyumba hii anaomba mwaka mmoja. Ulimwona kwenye mvua. Yeye ni baba yako kwenye boti.

Khalfan akawa mwekundu, kisha mweupe. Nilimwona ametikisika, naapa. Akaweka kalamu chini. Lakini mtu aliyeishi na kanuni miaka arobaini hukimbilia kanuni. Akasema taratibu, "Basi tulifanye sawasawa. Muulize hapa, mbele ya wote. Akisema, nitaandika, na nitaibadilisha ripoti."

Nikafurahi! Hapo ndipo upumbavu wangu ulipo. Nimekaa Oman miaka ishirini na sita, naijua desturi hii mpaka nimeiandika humu kwa fakhari, na bado nikafurahi. Nikamgeukia Mahrous, nikamwambia kwa Kiarabu, wote wakasikia: mgeni anauliza, je ni kweli umeomba upewe mwaka mmoja?

Mwenye kumimina kahawa akasita na mdila mkononi. Mahrous alinitazama, na niliona akifahamu mambo mawili kwa pamoja. La kwanza, kwamba sikuwahi kumwambia mgeni kitu. La pili, kwamba nimemsimamisha ndani ya nyumba yake, mbele ya mji mzima, amwombe mgeni anayekunywa kahawa yake.

Akacheka. Kicheko cha mwenyeji hasa, kizuri, cha adabu.

"Shemegi yangu ananipenda mno," akasema. "Kaongeza. Sisi hatuna neno. Mgeni na anywe kahawa."

Wote wakacheka naye. Hatuna neno, wakasema, hatuna neno.

"Anasemaje?" akauliza Khalfan. Alikuwa ameshika kalamu tena. Nadhani alitaka nimpe jengine. Nadhani alikuwa akiniomba.

Usipunguze, usiongeze.

"Anasema nimeongeza," nikamwambia.

Akaandika.

Mlangoni Mahrous aliwasindikiza wageni wote, mmoja mmoja. Mimi wa mwisho. Hakunishika mkono. Akasema kwa sauti ndogo, kwa Kiswahili chetu cha nyumbani, "Ulinambia ulishamwambia. Nikavaa kanzu mpya." Akaingia ndani.

Jumapili, 9 Agosti

Fawziya kasikia. Kahamia chumba cha mama yake.

Alkhamisi, 13 Agosti

Khalfan kaondoka. Nilimpeleka mpaka mlango wa nyumba ya wageni, gari la Maskati linangoja. Barua ya kamati hakuitaja, nami sikuiuliza. Aliniambia ripoti lazima ifuate kumbukumbu za mikutano. Nikasema naelewa. Alifunga mkoba, akaufungua, akaufunga.

Halafu akanishika mkono, hakuuachia. Mkono wake ulikuwa baridi, katika joto lile.

"Miezi kumi na minne," akasema. "Mama yangu. Aliishi miezi kumi na minne."

Akaingia garini. Nilibaki pale barabarani, nikimchukia na kumhurumia, na zaidi nikijichukia mimi. Yeye alikuwa mtu wa mbali, hakuambiwa. Mimi niliambiwa na kila mtu.

Jumamosi, 29 Agosti

Rutab, tende mbivu, zimekwisha. Upepo umetulia.

Jumapili, 20 Septemba

Ripoti imefika kwa mkubwa wa mji, kanionyesha. Imechapwa vizuri, jalada la buluu. Ofisi hainunui tena kuanzia msimu huu, hata busuri, tende za kuchemsha, zilizokwisha kauka na kutiwa magunia. Ukurasa wa thalathini na moja: "Wakulima hawana pingamizi. Dai moja la kinyume lilitolewa na mkalimani, na mkulima mhusika alilikanusha." Jina langu halimo. Miaka yote nilitaka niingie katika karatasi za wakubwa, na nimeingia hivyo.

Mkubwa wa mji hakunilaumu. Alinipa kahawa, akaniuliza khabari, nikajibu kama inavyojibiwa.

Ijumaa, 25 Septemba

Mahrous kaja baada ya sala kumwona mama yake. Mara ya kwanza tangu siku ile. Nilimpokea mwenyewe. Nikampa tende, nikammiminia kahawa kwa mkono wangu, akanywa vifinjani viwili, akakitikisa kukataa cha tatu. Nikamuuliza khabari.

"Hakuna khabari," akasema. "Kumetulia, alhamdulillahi."

Nilikuwa najua kutoka kwa Fawziya kwamba kauza masufuria ya shaba kwa mtu wa Nizwa, anayeyayeyusha. Najua kwamba mitende ya upande wa juu imeshakatwa. Najua anatafuta kazi ya ulinzi wa shule huko Jalan Bani Bu Hassan, mtu wa miaka hamsini na nne. Sikuuliza hata moja, maana tulikuwa tumekaa na kahawa iko baina yetu. Tulizungumza juu ya macho ya Bibi Kaltham. Tulizungumza juu ya bei ya samaki.

Akainuka. Nikainuka naye upesi, nikamsindikiza ukumbini, nikamtangulia mlangoni. Nilikuwa nimejiandaa. Anitukane, nilisema moyoni, anitukane mimi na wazee wangu, nami nitamwambia nilikuwa mwoga, nitamwambia barua ile haikuja. Akainama akavaa kiatu cha kulia. Akavaa cha kushoto, akafunga kamba, taratibu, mtu mwenye mgongo mbovu. Nikampa mkono. Akaupokea. Nikaushika, sikuuachia.

Akangoja. Alinitazama kwa adabu, kama anavyotazamwa mgeni aliyekunywa kahawa yako, mpaka vidole vyangu vikalegea vyenyewe.

"Fi amanillah, Bwana Abdullatif," akasema, akashuka ngazi.

Miaka thalathini nimekuwa shemegi yake. Nilisimama pale mpaka gari lake likapita msikitini, nikingoja labda atarudi, amesahau kunambia kitu. Halafu Fawziya akaniita ndani nifunge mlango, vumbi linaingia.